Debhora Mwenye H Katikati

Siku moja naikumbuka, mwanangu, siku niliyomkana mtu bila hata kuinua macho. Nakusimulia kwa sababu juzi uliniambia unataka kubadili herufi za jina lako, hizi za kikwetu, zikae kama za watu wa mjini. Sikukujibu. Mzee akinyamaza si kwamba amekubali. Wakati mwingine anatafuta pa kuanzia.

Mimi naitwa Debhora. Hiyo h imekaa katikati, nyuma ya b. Katika lugha yetu ya huku Bugwema, b hiyo haifungi midomo, inapita kama pumzi. Kiswahili hakina sauti hiyo, ndiyo maana mwalimu wangu wa darasa la kwanza aliniandika Debora, akaona yameisha. Miaka ikapita, mama yangu akaingia kisomo cha watu wazima, akajua kusoma mvi zikiwa zimeshaanza kumtoka. Nilipokuwa darasa la saba akaja shuleni kwa miguu kumwomba mwalimu mkuu aiweke ile h. Mwalimu akacheka, akaiweka. Mimi niliinama kwa aibu. Sikumuuliza mama kwa nini herufi moja imtoe shambani wakati wa kuvuna pamba. Asiyeuliza hanalo ajifunzalo, na mimi sikujifunza.

Nikamaliza sekondari, nikasomea upigaji chapa, nikapata kazi katika ofisi moja Musoma mjini. Ilikuwa miaka ya shida. Sabuni kwa foleni, sukari kwa foleni, na utepe wa mashine tuliurudisha nyuma tukautumia tena na tena mpaka maandishi yakawa kama kivuli. Lakini ujana hauzuiwi kuringa na shida. Wenzangu wawili waliliona jina langu kwenye faili, wakacheka hadi machozi. "Hii h imepotea njia?" Kesho yake nikajipigia chapa jina jipya kwenye faili: Deborah. Sikuitupa h, mwanangu. Niliihamishia mwisho, kama nilivyoona kwenye kitabu cha Kiingereza, nikaona sasa nimekuwa mtu.

Mama alikuwa akiniandikia kila mwezi, kwa penseli, herufi kubwa kubwa, kwenye bahasha alizozigundisha mwenyewe kwa karatasi za daftari. Barua zilipitia sanduku la posta la ofisi, nami kwa kawaida nilizichukua kimyakimya. Siku hiyo tarishi wetu, mzee mmoja mpole, akasimama katikati ya chumba akaisoma bahasha kwa sauti.

"Debhora. Ni nani huyu?"

Wenzangu wakageuka. Nikaendelea kugonga mashine. "Hapa hatunaga mtu huyo."

"Una hakika, binti?"

"Nina hakika."

Akachukua kalamu, akaandika juu ya bahasha: HAJULIKANI. Barua ikarudi ilikotoka. Nilijiambia itakuja nyingine.

Haikuja. Baada ya wiki tatu akaja mama mwenyewe, kwa lori la pamba, vumbi hadi kwenye nyusi, kitambaa cheusi kichwani. Wenzangu wakamwamkia. "Marahaba, wanangu," akasema. "Namtafuta yeyote aliyemjua Debhora. Nimekuja kuuliza alizikwa wapi."

Hakuna aliyecheka. Mmoja wao akaninyooshea mkono polepole. "Mama, tunaye huyu tu."

Mama akanitazama. Hakulia wala hakunikumbatia. Tukatoka nje, tukaketi kwenye ukuta mfupi unaotazama ziwa. Nikaanza kueleza kwamba ni mambo ya ofisi, ni utani. Akainua kiganja.

"Nilisoma mwenyewe," akasema. "Ha-ju-li-ka-ni. Nikasema, mtu asiyejulikana mahali anapofanyia kazi, huyo amekufa na wameshamsahau. Siku kumi na nane nimekulilia. Majirani wamekuja kunipa pole."

Kisha akaniambia nisilowahi kuuliza. Alinizaa kisiwani Rukuba, kwenye kambi ya wavuvi. Baba alikuwa ziwani, upepo umemzuia ng'ambo, na mama hakumjua mtu. Mwanamke mmoja mwanika dagaa aliacha dagaa wake, akakaa naye siku mbili mpaka nikatoka. Hakuwa na mume, wala mtoto, wala ndugu wa kumtaja. Mama akamuuliza, "Nikupe nini?" Akajibu, "Nipe huyu aitwe mimi." Akaliandika jina lake kwenye kipande cha karatasi, kama alivyofundishwa kanisani kwao, ili lisikosewe. Masika yaliyofuata mtumbwi aliopanda ulizama akivuka kuja Musoma, akafa maji.

"Hakuacha kitu duniani ila wewe," mama akasema. "Mimi nilienda kisomo ili nijue aliandika nini. Nikakuta mwalimu ameshampunguza. Nikamrudisha. Leo wewe umemwondoa. Jina ulipewa ulitunze, hukupewa ulipambe."

Nilimwomba alale kwangu. "Hapana. Naenda kuwaambia majirani wasije tena kunipa pole." Akarudi na lori lilelile.

Mwezi uliofuata barua ikaja. Juu ya bahasha: DEBORAH, h yake mwisho, imeandikwa kwa uangalifu mkubwa. Ndani mistari minne tu, ya mvua na mihogo. Nikamwandikia kumwomba aniite kwa jina lile la kwanza. Akajibu, "Nakuandikia unavyojulikana." Ikawa hivyo miaka yote. Hakuwa na kinyongo; nilipoenda likizo alinipikia, tulicheka. Ila jina hakulitaja tena. "Njoo, wewe," ndivyo alivyosema. Mimi nilikuwa nikisubiri kila siku, hata kwenye kitanda chake cha mwisho. Alifariki maduka yakiwa yameshajaa, sabuni za kila rangi, mitumba imetandazwa hadi barabarani, na hakuwa ameniita.

Halafu ofisi ikapunguza watu, nami nikiwemo. Vyeti vya shule vinasema Debhora, faili linasema Deborah. Ili nilipwe kiinua mgongo changu, nikatumwa mahakamani kuapa kwamba ni mtu mmoja, na karani akataka shahidi anayenijua kwa majina yote mawili. Nikaenda Butiama kwa shangazi. Kumbukumbu zilikuwa zimemtoka, akaniita kwa jina la marehemu dada yake. Nikaenda Bunda kwa mmoja wa wale wenzangu wa ofisini; alishahama. Nilikaa stendi ya Bunda mchana kutwa, watu wanapita na mizigo yao, nikaona kwamba duniani hapakuwa na mtu hata mmoja wa kusema huyu ni nani.

Aliyenisaidia ni yule tarishi, amekwisha kustaafu, anaishi pembeni ya mji. Nilipomweleza alitikisa kichwa. "Nilijua, binti. Hata siku ile nilijua. Nilikuuliza mara ya pili ili nikupe nafasi." Akavaa koti, akaja akanishuhudia.

Tangu hapo naandika Debhora. Lakini kuandika ni jambo moja, kuitwa ni lingine. Wa rika langu wameondoka, na waliobaki wananiita Bibi. Wiki nzima hupita sijalisikia. Maji yakimwagika hayazoleki.

Basi sikia, mwanangu. Kabla hujagusa herufi hata moja, uliza ni nani aliyeiweka na kwa nini. Waulize wakiwa hai, usingoje. Ukikuta ni kosa la karani tu, rekebisha, hakuna atakayekulaumu. Ukikuta kuna mtu ndani yake, mwache akae. Na likisomwa mbele za watu, hata wakicheka, itika. Kicheko cha ofisini huisha kabla ya chai ya saa nne. Kimya cha mama yangu bado ninacho. Mkataa kwao ni mtumwa, na utumwa huu hauna wa kukukomboa.

Mungu akulinde utokako na uendako. Akupe kazi isiyokuaibisha na watoto wanaouliza. Akupe na uzee wenye mtu wa kukuita kwa jina lako lote, nawe uwe na sauti ya kuitika.