Nakala ya Msusi

Husemwa mgeni njoo, mwenyeji apone. Lakini msusi alipohamia chumba cha pili, mwenyeji wake, fundi cherehani, aliugua kijicho.

Fundi alikuwa amepanga katika nyumba ile tangu mwanawe wa kwanza akiwa tumboni. Sasa mwana huyo ananyoa ndevu. Mashine ya fundi ilikaa barazani, upande wa dirisha, penye mwanga wa kumwezesha kutunga uzi kwenye sindano bila miwani. Siku ya kuhamia alitia sahihi mkataba, lakini hakuondoka nao. "Wewe ni binti yangu," mwenye nyumba alimwambia, "nitakutunzia sandukuni." Neno hilo la binti alilihifadhi moyoni kama kito. Kudai karatasi aliona ni kumvunjia mzee heshima.

Sasa mzee huyo huyo alimtaka aondoe mashine, ili wateja wa msusi wapate pa kukaa. Na msusi, kana kwamba hilo halitoshi, alibandika mkataba wake ukutani, kando ya kioo.

Fundi akaenda kusukwa; nywele zilikuwa kisingizio tu. Kichwa kimebanwa magotini mwa msusi, macho ameyakodoa ukutani.

"Dada, ukigeuza shingo hivyo mstari utapinda kama njia ya nyoka. Kama unataka kusoma, sema nikubandulie."

"Nani asome? Mzee kakupendelea, ndiyo maana kakupa."

"Kanipendelea! Nilimwambia sitii sahihi mpaka nione nakala yangu. Akanuna, akatoa. Ni haki ya mpangaji hiyo, si zawadi. Yako iko wapi?"

"Kwa Baba. Mimi ni mtoto wa nyumba hii."

"Mtoto gani analipa kodi kwao?"

Fundi akainuka, nusu ya kichwa imesukwa, nusu imetimka, akaenda moja kwa moja kwa mwenye nyumba.

"Baba, naomba nakala ya mkataba wangu."

"Leo huniamini, binti yangu?"

"Nakuamini. Naitaka hata hivyo."

Mzee alikitazama kile kichwa, akameza kicheko, akafungua sanduku. Alisoma kwanza mwenyewe. Maneno yale aliyaandika kwa mkono wake: chumba kimoja, pamoja na baraza ya upande wa dirisha.

"Nilisahau," alisema, akavaa viatu, wakafuatana hadi duka la fotokopi.

Mashine ya fundi haikuhama. Msusi aliweka benchi lake upande wa mlango bila kinyongo, akamwita jirani yake aje amaliziwe kichwa. Fundi aliketi, nakala ingali na joto la fotokopi mkononi mwake. Alifurahi, ndiyo, ila roho bado ilimuuma. Yeye alitumia ujana wake wote kuogopa kuuliza, na huyu mgeni alipata kwa sentensi moja, kabla hata hajashusha godoro.

"Kaza vizuri," alimwambia, "na usinisuke ovyo kama ulivyojisuka wewe."