Mkono Begani

Fundi huyu wa fremu alibandikwa jina la Milimita, naye alilipenda. Mkewe alimcheka kwamba hata mkate haukati bila kuupima kwa macho. Miaka ishirini na miwili ameshika kisu na rula katika chumba cha nyuma cha jumba la sanaa, na fremu yake haijawahi kupinda.

Safari hii msanii mmoja alikusanya picha za zamani za wafanyakazi wa kiwanda cha nguo kilichofungwa. Alitaka picha zenyewe, si nakala, ili watu wa mji waone walikotoka. Fremu arobaini, zote saizi moja. Picha moja ikawa kaidi, imezidi upana kwa sentimita tatu. Kutengeneza fremu nyingine kungemlia nusu siku, na ufunguzi wa maonyesho ulikuwa kesho yake. Milimita akaweka rula, akapitisha kisu. Kipande kikaenda kwenye takataka, na takataka zikachomwa jioni ileile. Hakumwambia mtu. Kwake ule ulikuwa ukingo tu.

Siku ya ufunguzi watu walifurika, msanii akipongezwa huku na kule. Mbele ya picha ile bibi mmoja alisimama, habanduki. Milimita akamsogelea kumuuliza kama anataka kiti. Bibi akamweleza kwa upole kwamba mama yake alikuwa mfumaji, alifariki yeye akiwa bado ananyonya, na nyumbani hakuna picha yake hata moja. Mfumaji mwenzake aliwahi kumwambia kwamba walipigwa picha pamoja, wanawake saba, mama yake akiwa wa mwisho kulia. Sasa yeye anahesabu sita.

"Labda ni picha nyingine," Milimita akasema.

"Labda, mwanangu. Ila huu mkono ni wa nani?"

Milimita akatazama. Begani kwa mwanamke wa sita palikuwa na vidole vinne, vimetulia, havina mwenyewe. Angeweza kunyamaza yakaisha, maana bibi alishaanza kumwomba radhi kwa kumsumbua. Radhi ile ndiyo iliyomshinda. Alijiona mtu duni kuliko wote mle ukumbini.

"Bibi, ni mimi. Nilimkata ili picha ienee kwenye fremu. Kipande chenyewe kimeshaungua."

Bibi hakupandisha sauti. Milimita alitamani atukanwe tu. Kisha bibi akamshika mkono wa shati, akamvuta karibu.

"Basi wewe ndiye wa mwisho kumwona. Niambie, alikuwaje?"

Milimita akafumbua kinywa, akatafuta kichwani. Rula aliikumbuka, na mstari wa penseli aliouchora juu ya picha, ulivyonyooka. Uso hakuwa ameutazama, na ilimbidi amwambie bibi hivyo.