Kidole cha Profesa

Dada yangu amesoma mpaka mvi zimemjaa kichwani, na alichosomea ni vikaragosi. Ndiyo, vile vya kuvaa mkononi, vya kuchezeshwa nyuma ya pazia. Chuoni walimwita Bibi Vikaragosi, naye akacheka nao. Mimi niliwatolea macho.

Hawakujua kinachomuuma. Vitabu vyote vya historia ya maigizo vinasema vikaragosi vilichezeshwa na wanaume. Uongo mtupu! Baba yetu alisimama mbele kupokea makofi. Nyuma ya pazia alikuwa mama, mikono juu mwanzo hadi mwisho, mabega yamekufa ganzi. Mama yu hai bado, na dada aliandika kitabu chake, akaapa lazima mama auone ukweli huo humo kabla hajafumba macho.

Jopo la chuo, linaloamua kitabu gani kichapwe, likamwambia maneno ya mama mzazi si ushahidi. Haya, ushahidi alikuwa nao. Mafundi, wanaume wote, walichonga vichwa vya vikaragosi kwa kipimo cha vidole vyao, tundu pana. Wanawake, ili kichwa kisiwayumbie, walijaza matambara tunduni na kuyashona kwa ndani. Kidole cha mwanamume hakipiti hapo. Jopo likakubali kuja kujaribu. Dada alikuwa na picha za nyuso tu, za ndani hakupiga hata moja.

"Hili haliangaliwi kwa macho," aliniambia. "Mpaka kidole kimkwame mtu."

Nikamwambia hicho ni kiburi cha wasomi. Akanicheka.

Mkuu wa idara ni mwanafunzi wake wa zamani, ana adabu zake. Akataka kumfurahisha mwalimu wake. Bila kumwambia, akaagiza vikaragosi, vilivyotunzwa stoo ya idara, visafishwe kabla ya wageni: rangi ing'ae, matambara yaliyooza ndani yatolewe. Yakatolewa, yakachomwa pamoja na takataka.

Tulijua pale pale mezani, mimi nikiwa nimembebea boksi la vikaragosi kutoka stoo. Dada alishika kikaragosi, akaingiza kidole, uso ukamshuka. Kabla hajafungua mdomo, profesa mmoja wa jopo, bonge la mtu, akakivaa cha pili. Kikamkaa sawasawa! Akakitikisa kichwa, akakiinamisha, wenzake wakacheka na kumpigia makofi.

"Mwalimu," akasema, "hiki cha mwanamume, jamani. Hata mtoto angeona."

Mkuu wa idara anatabasamu, anangoja kushukuriwa. Nilitamani kumzaba kibao. Dada akaeleza habari ya matambara, akaeleza tena; mkuu akakiri yalitolewa yakachomwa, lakini kwa jopo majivu si ushahidi. Wakamtazama kwa huruma, wakaaga.

Nyumbani tulimkuta mama kakaa kitandani, kavaa nguo yake nzuri.

"Wamesemaje?"

"Wamekubali, mama," dada akasema. Nilimgeukia, akanikazia macho ninyamaze.

"Nilijua tu! Kikija kitabu, mnionyeshe jina langu lilipo."

Sasa kila asubuhi anauliza kama kimefika. Dada anamwambia bado kinachapwa.