Mbuzi kwa sheria ya Wagiriki

Leo kwenye gulio la kijiji cha Ulaya, hapa kwetu Kilosa, nusura nimkoseshe kijana mbuzi wake. Kisa ni kupenda kusoma.

Kulikuwa na mbio za baiskeli kutoka Zombo. Zawadi mbuzi.

Hamisi kashinda, vumbi mpaka kwenye kope, kwa baiskeli ya kuazima kwa Mzee Kondo.

Mimi nikajitia kusimulia:

"Wagiriki wa kale, kwenye mbio za magari ya farasi, hawakumvisha taji dereva. Mshindi alikuwa mwenye farasi, hata kama siku hiyo alilala kwake."

Mzee Kondo akasimama. "Rudia hapo."

Nikarudia. (Nina udhaifu huo.)

"Basi mbuzi wangu. Baiskeli si yangu?"

Hamisi kaikumbatia kamba ya mbuzi. "Mzee wangu, nakuheshimu, lakini mlima nimepanda mimi!"

"Mgiriki umemsikia."

Watu wote wakanigeukia. Nikaona nimalizie somo: kwa sheria hiyohiyo hata mwanamke alishinda, wakati wake za watu walikatazwa hata kuingia kutazama. Ilitosha awe mwenye farasi.

Hapo Mama Zena, mkewe Mzee, akaacha kupanga nyanya.

"Baba Zena, baiskeli ile alinunua nani?"

Mzee akainamia kengele ya baiskeli.

"Hamisi mwanangu, nenda na mbuzi wako. Na wewe, Baba Zena, baiskeli irudishe nyumbani. Isukume tu. Mwenyewe sijakuruhusu kuipanda."

Mzee kaondoka anasukuma, hata hakuniangalia.

Kesho nampitia na shikamoo yangu. Mnadhani ataitikia?