Mama Deki na Kengele ya Kura

Bunge lile lilijengwa na wanaume walioamini kwamba wanawake hawatafika humo, na wakifika, basi watakuja bila vibofu. Hayo ni maneno ya Mama Deki, na hakuyasema kwa kunong'ona. Kando ya mlango wa ukumbi kulikuwa na choo cha wanaume chenye marumaru, vioo na nafasi ya kuchezea mpira. Cha wanawake kilikuwa chini kabisa, mwisho wa ngazi, jirani na jenereta. Kilikuwa na vyumba viwili, na kimoja kilikuwa kibovu tangu siku ya ufunguzi.

Vyote hivyo alivisafisha yeye. Kazi aliipata akiwa mjane wa juzi tu. Mume wake alipozikwa, shemeji zake walimwambia kwa upole aende kwa mama yake akapumzishe moyo. Akaenda na begi moja na mtoto mgongoni. Aliporudi akakuta kitasa kimebadilishwa na mke wa shemeji anaanika nguo uani. Hakimu alimsikiliza vizuri sana, akatikisa kichwa, akasema sheria haina la kumsaidia. Mama Deki akauliza sheria zinatungwa wapi. Akaonyeshwa jengo, akaenda kuomba kazi huko huko. Elimu ya kumwingiza kwa mlango wa mbele hakuwa nayo, kwa hiyo aliingia kwa mlango wa nyuma na ndoo.

Katika Bunge la kwanza alilolikuta, wabunge wanawake walikuwa watatu. Choo cha chini kiliwatosha, na walikuwa na muda wa kumsalimia na kumuuliza mtoto anaendeleaje.

Uchaguzi ukaja, ukapita, ukaja mwingine. Wabunge walioapa kwamba kwenye kiti kile watatolewa na jeneza walitolewa na wapiga kura, na yeye akawasaidia kubeba maboksi yao hadi kwenye gari. Wengine walimpa mkono, wengine walijifanya hamnazo. Chama kilichokuwa kimejaza ukumbi mzima, kushoto na kulia, kikaanza kubanana upande mmoja kuwapisha wapinzani. Wakaja vijana wa suti za kubana, wakaja wafanyabiashara, akaja hata mchungaji mmoja aliyeacha maji ya bomba yakimwagika kila siku ya Mungu. Lakini kilichobadilika zaidi kilionekana kule chini kwa jenereta. Kila baada ya uchaguzi foleni ya wanawake ilirefuka. Ilianzia mlangoni, ikafika kwenye ngazi, ikapanda.

Wanaume wala hawakuiona. Watu wasiopanga foleni hawaioni. Walipoombwa choo kingine waliunda kamati, na kamati ikasafiri nje ya nchi kwenda kujifunza wenzetu wanafanyaje. Ilirudi na mabegi makubwa, na choo hakikuonekana.

Sasa kuna jambo moja kuhusu kura. Spika akiita kura, kengele inalia jengo zima. Ikinyamaza, milango inafungwa, na aliye nje yuko nje, hata awe waziri. Mtu anayetoka choo cha marumaru anafika kitini kabla kengele haijachoka. Anayetoka kwa jenereta anapanda ngazi mbio, viatu mkononi, na bado anaweza kuukuta mlango umefungwa.

Ndivyo ilivyotokea siku ya muswada wa wajane. Aliyeuleta ni mbunge mmoja aliyewahi kuwa mwalimu wa shule ya msingi, na watu walimwita Mwalimu hata alipokuwa amevaa vito. Muswada ulisema jambo dogo tu: mjane aliyemo ndani ya nyumba ya mumewe asitolewe. Mjadala ulichukua asubuhi nzima, wanawake waliobanwa wakashuka, na Spika akaita kura wakiwa bado kwenye foleni. Mama Deki aliwasikia wakigonga mlango wa ukumbi kwa viganja. Muswada ukaanguka kwa kura ambazo wale waliokuwa nje wangezifidia na chenji ikabaki. Mwalimu alilalamika, na Spika akaamua kwamba kanuni ni kanuni na hakuna kurudia. Kesho yake magazeti yakaandika kwamba wanawake walikuwa wanajipodoa.

Mama Deki alilisoma gazeti lile amesimama. Aliwaona kwa macho yake wamejikunja, jasho linawatoka, mmoja ana mimba ya miezi minane, halafu mtu aandike poda. Ilimuuma kuliko kile kitasa. Uchaguzi uliofuata, mpinzani wa Mwalimu alitembea kila mtaa na kioo kidogo cha mkononi akiwachekesha watu, na Mwalimu akaanguka. Wanawake wengine wakaanguka naye, foleni ikafupika, na kuna wanaume waliosema afadhali.

Lakini uchaguzi mwingine ukaja, na safari hiyo wanawake walirudi wengi kuliko walivyowahi kuwa. Wengi wao walikuwa na hasira. Mwalimu alirudi pia, nywele nyeupe, muswada ule ule mkononi.

Na mwaka huo huo ndipo binti yake Mama Deki, yule mtoto wa mgongoni, alipofiwa na mume, fundi umeme, kijana mzuri asiye na makuu. Wiki haikuisha, kaka wa marehemu akafika na sauti ya upole. Alimwambia binti aende kwa mama yake akapumzike kidogo, na yeye atarudi mwisho wa mwezi kuangalia nyumba. Binti alipompigia mama yake kumweleza, Mama Deki aliyajua maneno yale neno kwa neno. Akakaa juu ya ndoo.

"Usitoke," alimwambia. "Hata sokoni nitakwenda mimi. Wakikuita nje, ongea nao dirishani. Siku ukitoka, umetoka."

Basi siku ya kura ilipofika, Mama Deki hakuwa akisafisha tu. Mjadala ulianza asubuhi, ukavuka saa ya chai. Kila alipochungulia ngazi, foleni ilikuwa imepanda zaidi, mpaka wa mwisho alikuwa ameshafika juu kabisa, usawa wa choo cha marumaru. Humo ndani walikuwamo wanaume wawili wakipiga soga. Mama Deki aliwahesabu wanawake wa kwenye ngazi, kisha akaacha kuhesabu. Mawazoni alimwona binti yake kule nyumbani, dirishani, akiongea na shemeji zake.

Wasafishaji wote duniani wana kibao cha manjano kinachosema sakafu imelowa. Kibao hicho kikisimama mlangoni, hata jenerali anageuza njia. Mama Deki alikichukua chake, akawaambia wale wawili watoke, akakisimamisha mbele ya choo cha marumaru. Halafu akageukia ngazi.

"Pandeni huku," alisema. "Wote."

Walisita kidogo, maana mazoea yana taabu. Mwalimu ndiye aliyetangulia. Walipita mmoja mmoja nyuma ya kibao, wakaingia, wakatoka, wakaenda kukaa. Wanaume waliokuja walikuta kibao, na mwanamke mwenye deki akiwaonyesha ngazi. Mmoja alisema amebanwa. Mama Deki akamwambia kule chini kuna chumba kimoja kizima, ila awahi, kina foleni. Akashuka akilalamika. Wengine wakamfuata.

Kengele ikalia. Wanawake walikuwa kwenye viti vyao. Ilipokaribia kunyamaza, vishindo vikasikika kwenye ngazi, na mara hii vilikuwa vya viatu vizito vya kiume. Mlango ukafungwa usoni mwao. Walibaki pale waheshimiwa wachache, mmoja suruali yake haijafungwa vizuri, wakigonga kwa viganja. Mama Deki aliegemea deki yake akawatazama, na nisidanganye, alifurahi.

Muswada ukapita.

Kelele zilizofuata zilitikisa madirisha. Waliofungiwa nje walitaka kura irudiwe. Mmoja wao aliapa kwamba yeye angeunga mkono, wengine wakamzomea. Spika, ambaye alikuwa yule yule, alifunuliwa uamuzi wake mwenyewe wa zamani, kanuni ni kanuni na hakuna kurudia, akaumeza. Ikabaki njia moja tu ya kuitengua ile kura: kuthibitisha kwamba kuna mbunge aliyepanga njama.

Kwa hiyo Mama Deki aliitwa ofisini kwa msimamizi wa majengo. Msimamizi hakuwa mtu mbaya. Alimkaribisha kiti, jambo ambalo hakuwahi kulifanya, akammiminia maji kwenye glasi. Akamweleza kwamba amebakiza muda mfupi astaafu kwa heshima na kiinua mgongo chake, na hakuna anayetaka kumharibia. Anachotakiwa ni kusema tu kwamba Mwalimu ndiye aliyemtuma. Akisema hivyo, yeye atahesabiwa kuwa mtumishi aliyetii amri.

Mama Deki aliyanywa yale maji yote. Alikuwa na kiu.

"Hakuna aliyenituma," alisema.

"Mama, fikiria vizuri. Ukisema ulifanya mwenyewe, leo leo unarudisha sare."

"Nimefikiria miaka yote niliyofanya kazi hapa. Kibao nilikiweka mimi, kwa akili zangu, na sakafu ilikuwa kavu. Andika hivyo hivyo. Na uandike kwamba wale waliofungiwa nje niliwapa choo kile kile walichotupa sisi, sijawaongezea wala kuwapunguzia kitu. Kama ni njama, basi njama hiyo wameijenga wao, mimi nimewaelekeza ngazi tu."

Msimamizi alikuna kichwa akiitazama kalamu. Akamuuliza kama anajua kwamba sheria ile haitamrudishia nyumba yake yeye, maana yeye alishatoka. Mama Deki akasema anajua, alisikia wakiisoma. Akavua pale pale sare aliyoivalia juu ya gauni lake, akaikunja vizuri, akaiweka mezani. Alipita kwa mlango wa mbele. Askari hakumzuia.

Kiinua mgongo hakukiona, na hilo lilimliza, asikudanganye mtu. Alilia jioni nzima kwa binti yake, akitukana katikati ya machozi. Asubuhi akanawa uso.

Mwisho wa mwezi, sheria ikiwa imeshatiwa saini na kutangazwa redioni, shemeji wa binti alifika kama alivyoahidi, na kaka zake wawili na gari la kubebea vyombo. Mlango ulikuwa wazi. Binti alikuwa amekaa ndani kwenye kiti cha marehemu mumewe. Mama yake alisimama kizingitini na kuwasalimia vizuri, akawauliza na habari za nyumbani.

Shemeji alisema hakuja kugombana, amekuja tu kuchukua nyumba ya kaka yake, na kwamba binti anahitaji kupumzika kwa mama yake.

"Mama yake ndiye mimi, na nimehamia hapa," alisema Mama Deki. "Anapumzika humu humu. Nyinyi mmekuja kumtembelea, na mgeni anabisha hodi. Haya, bisheni tuwasikie."

Walitazamana. Dereva wa lile gari alizima injini. Yule shemeji akageuka akautazama mtaa ambao majirani walishaanza kutoka nje, kisha akauinua mkono na kubisha hodi kwenye mlango uliokuwa wazi.

Binti akajibu kutoka ndani, bila kuinuka, "Nani?"