Picha ya Mama na Uchafu Nilioukataa

Mama yangu alikufa bila kuacha picha hata moja. Akiambiwa twende studio, alijibu kuwa picha ni za watu wasio na kazi. Yeye kazi alikuwa nayo, kukaanga vitumbua kila asubuhi kwenye baraza ya nyumba yetu, Kariakoo, upande wa Msimbazi. Leo pale ni ghorofa la nguo, na alipokuwa anakaa mama pamesimama sanamu la plastiki lisilo na kichwa, limevaa gauni.

Mwaka jana mjukuu wangu wa kike, anayefanya kazi duka la kompyuta, alinionyesha blogu ya bwana mmoja anayekusanya picha za Kariakoo ya zamani. Nikamwona mama. Ameinamia chuma cha vitumbua, khanga imemfunika, uso hauonekani, mapajani kapakata mtoto. Juu ya blogu bwana yule ametangaza kuwa amechoka, Ijumaa anaifunga.

Mjukuu akasema nisihangaike. Kwenye kivinjari chake ameweka kitufe, anakiita ekstensheni. Ukikibonyeza, ukurasa unaousoma unakwenda kukaa kwenye hifadhi yako ya mtandaoni. Blogu ikifa, wewe unao. Nikauliza ufunguo anakaa nao nani. Akasema hakuna ufunguo, kuna neno la siri. Nikamwambia aliandike kwenye karatasi, nikaifunga kwenye pindo la khanga, ndipo nikaona jambo limekaa sawa.

Kitufe kile kinakuuliza unataka ukurasa mzima au picha na habari yake tu. Hapo nikaanza kutoa amri, maana chini ya picha watu watatu walikuwa wameandika maoni. Wawili walisifu. Wa tatu, aliyejificha kwa jina la kubuni, aliandika: "Huyu mama alituvunja meno mtaa mzima kwa vitumbua vyake vya mawe. Na hako kenye kamasi mapajani ni kabinti kake ka kwanza, kakilia mtaa wa pili wanasikia. Heri amekwenda, matumbo yetu yamepona."

Marehemu mama yangu, anatukanwa hadharani. Mjukuu alitaka kumjibu, nikamkataza.

"Chukua picha tu," nikamwambia. "Huo uchafu ufe na blogu."

"Bibi, tuchukue vyote. Nafasi ipo."

"Hata jalalani nafasi ipo."

Akabonyeza. Ijumaa blogu ikafungwa, nami nikajiona mwerevu kuliko waliosoma.

Mdogo wangu wa kiume akavuka kutoka Kigamboni kuja kuona. Akavaa miwani, akaitazama picha mpaka chai ikapoa.

"Dada, huyu hana uso. Waliokaanga vitumbua Kariakoo walikuwa wangapi?"

Nikamwambia baraza ile ni yetu. Akasema baraza zote zilikuwa hivyo, na akauliza nani mwingine kasema ni mama. Tangu siku hiyo wajukuu wakawa wanamwita mama wa pichani "yule wa kwenye kompyuta", na mimi, niliyemzika kwa mikono yangu, nikaanza kuitilia shaka ile khanga.

Miezi miwili baadaye tukazika jirani, Mzaramo mwenzetu. Watani wetu ni Wanyamwezi, na msiba usio na watani haunogi. Mzee mmoja wa Kinyamwezi, niliyekua naye mtaa mmoja, alijilaza mlangoni akazuia jeneza lisitoke. Akatangaza kuwa marehemu alikuwa mchoyo, heri amekwenda, sasa kuku wake watashiba. Wafiwa wenyewe walicheka. Na mimi nilicheka, kisha kicheko kikanikatikia njiani. Heri amekwenda. Maneno hayo nilikwisha kuyasoma.

Watu waliporudi kutoka makaburini, nikamfuata yule mzee anapokunywa chai, nikamuuliza kama ndiye aliyeandika kwenye blogu. Hakukana.

"Ni mimi, kamasi wewe. Nimengoja unitukane, kimya. Nikasema Wazaramo mmekwisha."

Nikamweleza kuwa maneno yake niliyaacha yafe na blogu kwa makusudi, nikidhani ni ya mhuni. Maisha yangu yote nimetukanwa na watani misibani nikacheka. Huyu alipoandika badala ya kusema, nikashindwa kumtambua.

Jumapili iliyofuata nikawaita nyumbani, yeye na mdogo wangu. Mzee akaitazama picha, akarudia matusi yote na mapya akaongeza, mjukuu akawa anayachapa chini ya picha. Alipofika kwenye kilio changu, mdogo wangu akavua miwani.

"Mama alikuwa akinisimulia hicho kilio," akasema. Kisha, baada ya kufuta macho, akamwambia mjukuu amtumie kwenye simu yake.

"Picha tu?" mjukuu akauliza, akinitazama mimi.

"Vyote," akasema mdogo wangu.

Mtani akaniuliza kama bado nimenyamaza. Nikamwambia mjukuu aongeze mstari mmoja wa mwisho: kwamba mzee huyu jino lilimvunjika kwenye kitumbua cha kumi na mbili, kumi na moja vya kwanza alivila kimya.