Chupa Tupu na Sheria ya Kitu Kisichoonekana

"Kitu chenyewe hakionekani. Ninyi mkisema kimebaki ndani ya chupa, na mimi nikisema hakijabaki, sheria itamwamini nani?"

Swali hilo niliulizwa siku yangu ya kwanza kazini, mbele ya mkutano wa kijiji, nami nikalijibu vibaya.

Asubuhi ile nilitoka nyumbani kwa wazazi wangu Mandewa nikiwa na shahada ya sheria, barua ya ajira na viatu visivyofaa kwa vumbi. Nilitegemea kuonyeshwa meza. Mkuu wa Kitengo cha Sheria wa halmashauri niliyopangiwa alinikuta mlangoni. Nikamwamkia, akaitikia huku akifunga ofisi kwa ufunguo.

"Meza ipo, haitakimbia," alisema. "Panda gari, Wakili."

Hakuwahi kuniita jina langu, hata siku niliyoaga.

Tulikwenda kwenye kijiji cha wakulima wa alizeti kando ya barabara kuu. Kikundi cha akina mama pale kilikamua mafuta na kuyauza kwa abiria wa mabasi, katika chupa za nusu lita. Chupa hizo zilikuwa nzuri kuliko zote walizowahi kupata: nzito, zenye kifuniko kisichovuja. Zilikuwa chupa tupu za mbolea mpya ya maji iliyoitwa mbolea ya nano. Mnunuzi mmoja wa jumla alibandua karatasi ya kikundi, akaona chini yake mabaki ya lebo ya mbolea, akakataa mzigo wote. Taarifa ikafika kwa Afisa Afya wa Wilaya, naye akaweka zuio: hakuna chupa hata moja kuuzwa mpaka ijulikane kama mafuta ni salama. Mafuta ya msimu mzima yakafungiwa stoo.

Aliyeniuliza lile swali ni Mama Salome, mwenyekiti wa kikundi, mama mrefu mwenye sauti ya kuimbisha kwaya. Nilijibu haraka, kama nilivyozoea kujibu darasani.

"Sheria itaangalia ushahidi, mama."

"Ushahidi wa kitu ambacho hata wewe hukioni?"

Mkutano ulicheka. Mtu wa nyuma akasema jambo kwa Kinyiramba, wakacheka tena, na jambo hilo hakuna aliyekubali kunitafsiria mpaka leo.

Kwenye gari, Mkuu alisema, "Umejibu kama kitabu."

"Kwani kitabu kimekosea?"

"Hakijakosea. Ila kitabu hakikushika chupa. Hili jalada ni lako."

Kumbukumbu za kazi kwa kawaida huandikwa na wastaafu. Mimi nina miaka thelathini na moja na sijastaafu chochote. Nimehamishwa, na meza nimekwisha kuikabidhi. Lakini mwanasheria aliyenipokea ameniuliza jalada lile lilifungwaje, na nimeona niandike sasa kabla sijaanza kujisifu kupita kiasi. Kujisifu kidogo kutakuwepo. Tulishinda.

Nianze na kitu chenyewe. Nanomita ni mita moja iliyogawanywa mara bilioni. Teknolojia ya nano ni ufundi wa kutengeneza vitu katika vipimo hivyo, na wanasayansi wengi huanza kuhesabu nanomita moja hadi mia. Madini unayoyafahamu yakisagwa kufikia udogo huo yanaweza kubadilika tabia: yakapenya pasipopenyeka, yakashika mahali ambapo chembe kubwa zingeoshwa na maji. Ndiyo maana mkulima anaambiwa chupa moja ndogo inafanya kazi ya mfuko mzima. Inawezekana ni kweli. Nilisoma nilichoweza kusoma, nikakuta watu waliosema ni kweli na watu waliosema tusubiri.

Sheria nazo zilikuwa kimya. Niliziweka mezani moja moja. Ya mbolea iliuliza ndani kuna kirutubisho gani na kwa kiasi gani. Ya viuatilifu ilijali vifungashio vitupu, lakini mbolea si kiuatilifu. Ya chakula ilitaka chombo kiwe safi. Katika zote nilizopekua, hakuna iliyouliza swali rahisi: kitu hiki kina udogo gani, na udogo huo unabadilisha nini? Chupa yetu ilipita katikati ya sheria tatu bila kugusa hata moja.

Njia iliyobaki ilikuwa sheria ndogo, yaani sheria inayotungwa na halmashauri kwa ajili ya eneo lake. Rasimu huandikwa, hubandikwa kwenye mbao za matangazo ili wananchi watoe maoni, hupelekwa kwenye Baraza la Madiwani, kisha kwa Waziri, na ikiridhiwa hutangazwa kwenye Gazeti la Serikali. Ni njia ndefu na inamchosha mtu mwenye haraka. Mimi nilikuwa na haraka.

Rasimu yangu ya kwanza ilikuwa na kifungu cha tafsiri kirefu kama treni ya mizigo. Kifungu cha tafsiri ndicho kinachosema neno fulani katika sheria hii lina maana gani. Niliandika vipimo vya nanomita, uwiano wa chembe, mbinu za kupima. Nilikipenda sana. Mkuu alikisoma akiwa amesimama.

"Nani atapima?"

"Maabara, Mkuu."

"Ya wapi?"

Wilayani hatukuwa nayo.

"Mgambo wa kata akiingia dukani, atapima kwa nini? Kwa rula?"

Akapiga mstari kutoka juu hadi chini. Rasimu ya pili ilipiga marufuku bidhaa zote za nano. Nayo akaichana, safari hii akiwa ameketi.

"Umewazuia wakulima wenye mavuno mazuri kwa sababu ya chupa. Utakwenda kuwaambia mwenyewe?"

"Lakini Mkuu, hatujui kama ni salama."

"Na hujui kama si salama. Wewe unajua nini, Wakili?"

Niliudhika. Nilikwenda kijijini kwa hasira, nikiwa sina mpango wowote isipokuwa kutokuwepo ofisini.

Nilikaa uani kwa Mama Salome siku tatu. Zuio lilihusu kuuza, halikuhusu kuosha, na akina mama waliendelea kuziandaa chupa wakiamini zuio litaondolewa. Waliosha kwa majivu, kisha mchanga, kisha maji ya moto, wakazianika juani. Zikikauka, Mama Salome alipita mstari mzima akizinusa moja moja. Yenye harufu alirudisha kwenye majivu. Isiyo na harufu alisema, "Imepona," ikaenda stoo.

"Nani alikufundisha kunusa?" nilimuuliza.

"Mama yangu. Zamani zilikuwa chupa za dawa ya pamba. Dawa ya pamba haifichiki, binti. Hata uoshe wiki, pua itakwambia. Pua hii haijawahi kunidanganya."

Akina mama wengine waliitikia. Kijiji kizima kiliiamini pua ile. Watu walimletea hata madumu ya maji. Nami nina ugonjwa wa kutoamini kitu nilichokuta kinaaminiwa na wote. Siku ya tatu nilichukua chupa ya mbolea ya nano iliyokuwa imemiminwa shambani asubuhi hiyo. Sikuiosha. Niliifuta nje, nikaiacha juani ikauke, nikaichomeka katikati ya mstari.

Mama Salome alipita. Akanusa, akaweka. Akanusa, akaweka. Alipofika kwenye ile yangu alinusa, akasema, "Imepona."

Nilimwambia. Nilitegemea angekasirika, na haki alikuwa nayo, maana nilimjaribu mtu mzima uani kwake. Aliinusa tena. Akaipeleka kwa jirani, naye akanusa, akatikisa kichwa. Hakuna harufu.

"Kwa hiyo nilikuwa nanusa bure," alisema.

"Kwa dawa ya pamba, hapana. Kwa hii, ndiyo."

"Na yaliyoko stoo?"

"Sijui, mama. Huenda hayana kitu. Sijui, na hakuna mtu wilayani anayeweza kujua."

Alikaa kwenye ndoo iliyopinduliwa. Mwenzake mmoja alisema taratibu kwamba binti wa chuo amejaribu chupa moja tu, na kwamba mafuta yale yaliliwa mwezi mzima bila mtu kuumwa. Alisema kweli, ningekuwa mimi ningesema hivyo hivyo.

"Mimi ndiye niliyesema zimepona," Mama Salome alijibu. "Watu waliyala kwa neno langu. Hayo yaliyobaki hayatakwenda mdomoni kwa mtu. Tutapika sabuni ya kufulia."

"Yote?"

"Yote. Na chupa hazigusi chakula tena."

Hakuna sheria iliyomlazimisha. Zuio la Afisa Afya lingeweza kuondolewa wiki ileile kwa kukosa ushahidi, na mimi mwenyewe ningeandika barua ya kuliondoa. Alichagua kupoteza msimu.

Nikiwa njiani kurudi ndipo nilipoelewa nilichokuwa nakosea. Nilikuwa natafuta sheria itakayokiona kitu kisichoonekana. Hakuna haja. Chupa inaonekana. Muuzaji anaonekana. Na yeye mwenyewe ndiye anayepiga kelele sokoni kwa kipaza sauti kwamba bidhaa yake ni ya nano. Rasimu ya tatu ilikuwa na kifungu cha tafsiri cha mstari mmoja: bidhaa ya nano ni bidhaa yoyote ambayo mtengenezaji au muuzaji wake anaitangaza kuwa ya nano. Muuzaji wa bidhaa hiyo atapokea chupa tupu kabla ya kuuza iliyojaa kwa mteja aliyekwisha kununua, na ataitoboa hapohapo. Atabandika onyo kwa Kiswahili, kwa herufi zinazosomeka. Na anayedai kwamba chupa inaweza kutumika tena kwa chakula, yeye ndiye atakayeleta uthibitisho. Wanasheria huuita mzigo wa kuthibitisha. Tuliuhamisha kutoka mgongoni mwa aliyenunua tukamtwisha aliyetia kitu ndani.

Mkuu alisoma akiwa ameketi. Akarudia ule mstari mmoja.

"Akiacha kuitangaza kuwa ya nano?"

"Atauza kama mbolea ya kawaida, Mkuu. Na nani atanunua nusu lita ya mbolea ya kawaida?"

Alicheka mpaka akavua miwani. Tundu lile bado lipo kwenye sheria, na aliyenipokea alijue hilo: siku mtu akipata namna ya kuuza bila kujitangaza, tutahitaji rula kweli.

Mkutano wa kupokea maoni ulifanyika kwenye ukumbi wa kata. Wakala wa mbolea alikuja na mashati mawili, moja la kusafiria na moja la kuzungumzia. Hakuwa mtu mbaya. Alizungumza vizuri, akaonyesha picha za mashamba, na picha hazikuwa za uongo; wakulima wake walikuwepo pale na walimpigia makofi.

"Mnaweka sheria juu ya hofu," alisema. "Nani ameumwa? Nionyesheni mmoja. Mbolea hii ni salama, mimi hapa naweza kuinywa."

Mama Salome alisimama.

"Usinywe, mwanangu, utatuletea msiba wa bure. Sisi hatukuombi unywe."

"Mnaniomba nini, mama?"

"Chukua chupa yako hiyo. Osha utakavyo. Tia mafuta ya alizeti, umpelekee mama yako apikie mwaka mzima."

Wakala aliitazama chupa mkononi.

"Mama yangu ana presha," alisema mwisho.

"Pole yake. Na wa kwetu je?"

Kicheko kilichofuata kilisikika mpaka zahanati. Hata wakulima waliompigia makofi walicheka, kisha mmoja wao akauliza swali la maana: kama chupa zitarudishwa dukani, mbolea itaendelea kuuzwa? Nikasema ndiyo. Basi, alisema, tatizo liko wapi?

Baraza la Madiwani lilipitisha rasimu bila diwani hata mmoja kupinga. Ilikaa kwa Waziri muda mrefu kiasi kwamba niliacha kuulizia, halafu asubuhi moja Mkuu aliingia na Gazeti la Serikali, akaliweka juu ya chai yangu.

"Soma kwa sauti, Wakili."

Nilisoma. Ule mstari mmoja niliusoma mara mbili. Siku ya Jumapili nilipeleka nakala kwa Mama Salome. Yule mnunuzi wa jumla alikuwa amekwisha kurudi; aliposikia kikundi kimepika msimu mzima kuwa sabuni kwa hiari yao, alisema hao ndio watu wa kununua kwao. Mafuta yao sasa yako kwenye chupa mpya. Sabuni nayo ilipendwa, na bado wanaipika, kwa mafuta mengine.

Sasa nimekwisha kuelewa ningejibuje siku ile. Mama, sheria haitakuamini wewe wala sisi. Itamtaka aliyekitia aseme anachokijua, na asipokijua, chupa haiendi jikoni. Jibu hilo lina maneno machache na lilinichukua miaka. Kwa aliyenipokea: usione aibu kusema "sijui" mbele ya mkutano. Kinachofaa kuonewa aibu ni kuliandika "sijui" lako kwa lugha ya kitaalamu ukaliita kifungu.

Mwezi uliopita, nikielekea kituo changu kipya, gari lilisimama Kintinku. Kule ni wilaya nyingine. Sheria yetu haina nguvu hata hatua moja. Kwenye duka la pembejeo, mkulima alikuwa akibishana na muuzaji aliyekataa kumpa mbolea ya nano kwa sababu hakuja na chupa tupu. "Ni sheria," muuzaji alisema. Nilimuuliza sheria ipi. Akaniambia hajui namba yake, ila wakala anayemletea mzigo ndiye aliyeileta, na huipeleka kila duka analolihudumia. Nilimwomba anitajie jina la wakala huyo. Alikuwa ni yule mwenye mashati mawili.